Kabla ya Kumwita Mtoto: Niliyojifunza Kuhusu Maana za Majina

Binti yangu mkubwa alikuwa darasa la tatu siku aliporudi kutoka shule, akatua mkoba wake juu ya mkeka, akaniuliza kwa nini baba yake na mimi tulimpa jina la mchezo wa pesa. Anaitwa Kamaria. Wiki ile, katika kipindi cha dini, walikuwa wamefundishwa kuwa kamari ni haramu, na wavulana wawili wa dawati la nyuma hawakuhitaji zaidi ya hapo. Tangu asubuhi hadi mapumziko walikuwa wakimwita Kamari. Nilimjibu kwa haraka, kwa sababu jibu nilikuwa nalo tangu alipokuwa tumboni: jina lako ni la Kiswahili, mwanangu, na maana yake ni "kama mwezi". Akafikiri kidogo, kisha akasema, "Lakini mama, mwezi kwa Kiswahili si mwezi?" Sikuwa na la kumjibu.

Maelezo yale niliyapata kwenye karatasi. Nilipokuwa na mimba yake tulikuwa tumepanga Makorora, hapa Tanga, na mume wangu alinichapishia, katika duka moja la intaneti la Ngamiani, kurasa nne zenye kichwa kilichosema kuwa hayo ni majina ya Kiswahili ya watoto wa kike. Zilikuwa na safu tatu: jina, lugha, maana. Nilizisoma jioni baada ya jioni nikiwa nimekaa barazani, nikatia alama ya kalamu mbele ya majina niliyoyapenda, nikayafuta moja moja, na Kamaria likabaki. Mimi nimezaliwa na Kiswahili na kwetu hatuzungumzi lugha nyingine, na katika jioni zote zile sikujiuliza hata mara moja ni nani katika mji huu niliyewahi kumsikia akiuita mwezi wa angani kamaria. Niliamini kwa kuwa ilikuwa imechapishwa, na mtoto wa miaka tisa ndiye aliyeniuliza swali ambalo lilinipasa mimi kuliuliza kabla hajazaliwa.

Kesho yake, baada ya swala ya alasiri, nilikwenda kwa ustadhi anayesomesha watoto wa mtaa wetu. Sikumweleza habari ya karatasi. Nilimwomba tu aniandikie jina la binti yangu kwa herufi zake za asili. Alichukua ubao na kipande cha chaki, akaandika herufi tatu, qaf, mim na ra, akazisoma: qamar, mwezi, kama lilivyo jina la sura ya 54 ya Kurani. Chini yake akaandika herufi zilezile tatu, lakini baina ya mim na ra akasimamisha alifu moja, akasoma: qimar, ndiyo kamari. Kisha akarudi kwenye neno la juu, akaliongezea mwisho wake, likawa qamariyya, akanieleza kuwa maana yake ni "ya mwezi", na kwamba mwaka tunaouhesabu kwa kuandama kwa mwezi, ule unaotuletea Ramadhani na Mfunguo Mosi, Waarabu huuita mwaka wa qamariyya kwa neno hilohilo.

Kwa hiyo karatasi haikukosea mwezi, ilikosea lugha. Kosa hilo linaweza kuonekana dogo, lakini ndilo lililomuumiza mwanangu, kwa sababu laiti ningejua kuwa jina ni la Kiarabu ningelipitisha kwanza kwenye masikio ya Waswahili nione linasikikaje. Neno linapohamia kwetu huacha njiani baadhi ya sauti zake: qaf hugeuka kuwa k ya kawaida, irabu ndefu na fupi hulingana, na mwishowe neno hujikuta limekaa jirani na maneno ambayo katika lugha yake yalikuwa mbali nalo. Hata lile "kama" lililomo katika maana niliyoandikiwa halina uhusiano wowote na "kama" inayosikika mwanzoni mwa jina. Ni mfanano wa sauti tu, ingawa naona ni mfanano unaoweza kumfanya mtu asiyeijua lugha yetu aamini kuwa amegundua jambo. Binti yangu aliyanakili maneno yote mawili kwenye daftari lake, na mwalimu wake, ambaye namshukuru mpaka leo, alimruhusu asimame mbele ya darasa akawaonyesha wenzake ile alifu moja.

Mimi nami nilinunua daftari. Nilizitoa zile kurasa nne, ambazo nilikuwa nimezihifadhi pamoja na kadi ya kliniki, na kwa Jumamosi kadhaa nikawa nakwenda maktaba ya mkoa kuzipitia jina kwa jina. Nilianza na Kamusi ya Kiswahili Sanifu, ile ambayo Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam iliitoa kwa mara ya kwanza mwaka 1981, kwa kuwa haikupi maana tu, bali neno likiwa la kukopa huonyesha pia limetoka lugha gani. Kwa mtu anayetafuta jina la mtoto, alama hiyo ndogo mwishoni mwa maelezo ina thamani kubwa kuliko maelezo yenyewe.

Nala, ilisema karatasi, ni "zawadi" kwa Kiswahili. Zawadi tunayo, tunu tunayo, hidaya tunayo, na adia pia tunayo; nala si mojawapo. Mswahili akisikia nala anasikia mtu anayesema kuwa yuko mezani: nala, ala, twala, ndivyo kitenzi cha kula kinavyokwenda katika wakati wa -a-. Ayana liliandikwa "ua zuri", na ua zuri kwetu ni ua zuri. Dalila liliandikwa "mpole" kwa Kiswahili; neno letu la karibu ni dalili, na Dalila anayejulikana kwa wasomaji wa Biblia ni yule wa Kitabu cha Waamuzi aliyemtia Samsoni mikononi mwa Wafilisti, ambaye jina lake limetufikia kutoka Kiebrania. Zuri ni letu kweli, lakini ni kivumishi kinachongoja kiambishi: mtoto huwa mzuri, kitabu huwa kizuri, na kinachokuwa zuri ni ua, au gari, au jina. Kulwa na Doto yaliwekwa pia katika safu ya Kiswahili, ilhali ni majina ya mapacha ya Wasukuma na Wanyamwezi, Kulwa akiwa aliyetangulia na Doto aliyemfuata; leo utawakuta Tanga na Bagamoyo kwa kuwa watu wamehama na kuoana, lakini mti haukuoteshwa hapa.

Jina lililonichukua muda mrefu kuliko yote ni Asha. Karatasi iliandika "uhai, tumaini", kana kwamba ni neno moja lenye maana mbili zinazoelewana. Kumbe ni maneno mawili yasiyojuana. Asha wa pwani ni Aisha, kutoka herufi ain, ya na shin, shina lilelile lililotupa ishi na maisha. Asha wa Kihindi na wa Kigujarati ni tumaini, na asili yake ni Kisanskriti. Nikiwa shule ya msingi tulikuwa na Asha wawili darasani, mmoja mjukuu wa mvuvi, mwingine anatoka nyumba inayozungumza Kigujarati, na mwalimu alipoita mahudhurio wote wawili waliitika. Katika kitabu cha mahudhurio majina yao yaliandikwa sawasawa, herufi kwa herufi. Mtu akiniuliza leo Asha maana yake nini, namuuliza kwanza: Asha wa kwa nani?

Kwa simu nilitafuta tena habari za Nala, nikaona ukurasa baada ya ukurasa ukisema "zawadi", na nakiri kuwa mwanzoni jambo hilo lilinitikisa, maana wingi wa watu wanaosema jambo moja una nguvu yake. Lakini nilipozisoma kwa utulivu niliona kuwa maneno ni yaleyale, kwa mpangilio uleule, na jirani zake katika orodha ni walewale. Nikamkumbuka ustadhi, ambaye anapofundisha hadithi huwauliza watoto isnadi yake: nani kapokea kwa nani, na huyo kapokea kwa nani, mpaka mwanzo. Kurasa mia zinazonakiliana ni mpokezi mmoja, tena mpokezi asiyejulikana. Hakuna hata moja iliyonipa sentensi ya Kiswahili ambamo nala imetumika kwa maana ya zawadi, wala methali, wala ubeti wa shairi, wala bibi mmoja wa Pangani aliyewahi kusema "nimekuletea nala kutoka mjini". Neno likiwa hai, watu wanalo vinywani.

Hata hivyo nimejifunza pia kuwa neno kuwepo si ushahidi wa kutosha. Tazama Bagamoyo, mji wa jirani zetu. Watu hulipasua jina hilo kuwa "bwaga moyo", kisha kwa maneno hayohayo mawili mmoja anakueleza habari ya mpagazi aliyefika pwani akatua mzigo na kupumua, na mwingine anakueleza habari ya mateka aliyeuacha moyo wake nyuma kabla ya kupakiwa chomboni. Faraja na msiba, zote kutoka katika sauti moja. Sauti ikishafanana na neno, hadithi haikosekani, na ndiyo maana sasa maana yoyote inayonijia ikiwa na hadithi tamu lakini haina herufi za asili naiweka kando kwanza.

Nasisitiza herufi za asili kwa sababu tahajia yetu ya leo, ambayo ni nyepesi na nzuri kwa mambo mengi, huzificha tofauti ambazo kwa majina ndizo kila kitu. Shangazi yangu anaitwa Saumu kwa kuwa alizaliwa ndani ya mwezi wa Ramadhani. Saumu hiyo ni sawm, kufunga, na huandikwa kwa herufi sad. Kitunguu saumu kilichoko jikoni kwake ni thum, kwa herufi tha. Kiswahili kimeyakutanisha, na mtu aliyeshika karatasi ya herufi za Kilatini peke yake hana namna ya kuyatenganisha tena. Amal likianza kwa alifu ni tumaini, na likianza kwa ain ni tendo, ndiyo amali yetu. Amiri wa alifu ni kiongozi, kama tunavyosema Amiri Jeshi Mkuu; Amir wa ain ni wa ukoo mmoja na Omari na neno letu umri. Cheti cha kuzaliwa kikishaandika Amir, anayejua ni yupi ni mzazi aliyelitoa jina, na mzazi huyo akifariki bila kusema, maana imekwenda naye.

Nilipofika kwenye jina Khadija nilisita. Orodha zote nilizoziona ziliandika "mwaminifu". Ustadhi alinieleza kuwa shina la kha, dal na jim Waarabu walilitumia kwa ngamia jike aliyezaa kabla ya siku zake kutimia, na kwamba khadija, kwa maana ya neno lenyewe, ni mtoto aliyezaliwa njiti. Mama yangu anaitwa Khadija. Nilikaa na habari hiyo siku mbili nikiogopa kumweleza, kisha nikamkuta uani anachagua mchele kwenye ungo, nikamwambia. Mkono wake haukusimama. "Mimi sikuitwa neno," alisema. "Niliitwa bibi yangu, na bibi yangu aliitwa mke wa Mtume." Akatoa kijiwe kwenye mchele, akakitupa mchangani, akaendelea.

Jibu lake lilinionyesha jambo ambalo kamusi isingeweza kunionyesha. Wale walioandika "mwaminifu" hawakuitafuta maana ya neno. Walichukua sifa za Bi Khadija, ambazo kila Mwislamu anazijua, wakazibandika juu ya jina lake. Ndivyo ilivyo kwa Fatuma pia: shina lake linahusu kumwachisha mtoto ziwa, na sijawahi kukutana na mzazi hapa Tanga aliyemwita binti yake Fatuma kwa kufikiria kuachisha ziwa, maana wote wanamfikiria binti wa Mtume. Majina kama haya hayatoki kwenye kamusi, yanatoka kwa mtu, na anayetaka kuyaeleza kwa ukweli anapaswa kuandika mambo mawili mbalimbali, shina la neno na mtu aliyelibeba, bila kuyachanganya. Pwani hii tunalo neno kwa ajili hiyo: somo. Mama yangu na bibi yake ni somo, na uhusiano huo una heshima zake na majukumu yake, ambayo hayamo katika safu yoyote ya zile kurasa nne.

Jambo jingine ambalo orodha hulikosea karibu kila mara ni mwana. Mwanahamisi huandikwa "mtoto wa Alhamisi", na hapo hamisi imepatiwa, lakini mwana katika majina ya kike ya pwani lilikuwa neno la heshima, kama tusemavyo leo bibi. Yule mshairi wa visiwa vya Lamu aliyemtungia binti yake utendi mwaka 1858 aliitwa Mwana Kupona, na hakuna anayemsoma akadhani ni mtoto wa kupona. Na kwa kuwa nimeitaja hamisi, yenyewe kwa Kiarabu ni ya tano, ikihesabiwa kutoka Jumapili, nasi tumeiweka mara tu baada ya Jumatano, ambayo pia ni ya tano, ikihesabiwa kutoka Jumamosi. Juma letu lina siku mbili za tano zinazofuatana, kila moja ikiwa na hesabu yake, na ndiyo maana siridhiki na orodha inayosema tu kuwa Hamisi ni "wa tano".

Mwaka huu kaka yangu na mkewe wamepata mtoto wa kike, baada ya miaka tisa ya ndoa. Siku ya nne kaka alinipigia simu akaniambia, "Dada, njoo na daftari lako, wazee hawaelewani." Nilikuta jina limeshapatikana, Hidaya, na kila mtu analipenda; ugomvi ulikuwa ni maana. Mama alikuwa amelichagua kwa kuwa hidaya ni zawadi, na mtoto huyu amengojwa muda mrefu. Baba yake wifi, ambaye amekuja kutoka Muheza na amesoma Kiarabu kwa miaka mingi, alisema kwa upole lakini bila kurudi nyuma kuwa hidaya ni uongofu, na kwamba kama mnataka zawadi basi mwiteni Hadiya. Wifi yangu alikuwa kimya, amempakata mtoto, akimtazama huyu na kumtazama yule.

Nilichukua siku nzima. Kamusi yetu ilikuwa upande wa mama: hidaya, zawadi, tunu. Ustadhi alikuwa upande wa mzee, na akanipa ushahidi ambao nisingeweza kuubishia, kwa kuwa uko mdomoni mwangu kila siku: pale tunaposema katika Al-Fatiha "ihdina", tuongoe, shina ni hilohilo la ha, dal na ya, na mwenye kuswali swala tano za faradhi hulitamka mara 17 kwa siku, rakaa kwa rakaa. Lakini akaongeza kuwa hadiya, zawadi, nayo imetokana na herufi hizohizo tatu. Nilirudi kwa wazee nikawaeleza kwa adabu kuwa hakuna kati yao aliyekosea. Mzee anasema habari ya neno katika lugha lilikotoka, na mama anasema habari ya neno katika lugha lilikofika, ambako limekaa vizazi vingi kwa maana ya tunu, limeimbwa na kuandikwa kwa maana hiyo, na halihitaji ruhusa ya mtu. Kosa lingekuwa kuandika moja na kulifuta jingine, au kuandika "zawadi, kwa Kiarabu".

Mzee alinyamaza kwa muda. Kisha akamgeukia binti yake, akamuuliza yeye mwenyewe, alipolikubali jina hilo, alikusudia nini. Wifi akasema, bila kuinua uso kutoka kwa mtoto, kuwa alikusudia zawadi. "Basi ni zawadi," mzee alisema, "na mimi nitamwombea uongofu."

Siku ya saba akachinjwa mbuzi wa akika, nywele za mtoto zikanyolewa na kupimwa ili itolewe sadaka ya fedha kwa uzito wake, na jina likatajwa mbele ya watu. Usiku ule niliandika ukurasa wake: Hidaya. Kwa Kiswahili, zawadi, tunu. Kwa Kiarabu, uongofu. Mama yake alikusudia zawadi. Babu yake wa Muheza anamwombea uongofu. Kamaria, ambaye sasa yuko kidato cha tatu, aliniomba kalamu, akaliandika jina kwa herufi zake za asili pembeni, ha, dal, alifu, ya, ta marbuta, kwa mwandiko mzuri kuliko wangu. Mstari wa mwisho wa kila ukurasa huwa nauwekea somo wa mtoto. Huo tumeuacha wazi, kwa kuwa katika ukoo wetu yeye ndiye wa kwanza kuitwa hivyo.